Mtu Mmoja Asiyelipwa

Baba hakusema neno mpaka fanta zote zikafunguliwa.

Hilo peke yake lilitosha kunitia wasiwasi. Mzee Gasana ni mtu wa maneno mengi. Hata mlinzi wetu pale Nyarutarama hupewa hotuba asubuhi kabla ya kupewa chai. Lakini Jumapili ile alikaa kwenye kiti chake, fimbo katikati ya magoti, akimkodolea macho mzee aliyekuja kumsemea mchumba wangu Clovis. Alikuwa kama anajaribu kukumbuka aliwahi kuiona wapi sura ile.

Mimi nilikuwa nyuma ya pazia la chumba cha kulia pamoja na Shangazi Kankindi. Msicheke. Siku hiyo binti hakai sebuleni. Watu wa kijana huja kwanza kufanya kile tunachokiita gufata irembo, yaani kushika lango: wanajitambulisha, wanaeleza kijana wao ni nani, kisha wanaomba ruhusa ya kurudi siku nyingine kuposa rasmi. Kijana mwenyewe hakai pale kuongea, hukaa kutazama viatu vyake. Baba wa binti akiridhika, anakunywa kinywaji walichomletea. Asiporidhika, glasi inabaki imejaa, na kila mtu anaelewa.

"Acha kutafuna kucha," Shangazi alininong'oneza.

"Baba ana nini?"

"Anasikiliza."

"Tangu lini Baba anasikiliza watu?"

Shangazi alinifinya mkono. Nikarudisha jicho kwenye tundu la pazia, na safari hii sikumtazama Baba. Nilimtazama Clovis wangu ndani ya suti ya bluu ya kuazima, ambayo mabega yake hayakuijaza. Mikono alikuwa ameikunja mapajani. Nilitamani kutoka pale nikaishike.

Nilimpata kwenye duka la dawa la Kicukiro, mnaojua mapenzi mtaniambia kama kuna mahali pabaya zaidi pa kuanzia. Nilikuwa na mafua, macho mekundu, nikajisahau nikaomba dawa kwa Kiswahili, lugha niliyokulia. Mtu wa upande wa pili wa kaunta akanyanyua uso, akanijibu kwa Kiswahili cha Bujumbura, kile cha kuimbaimba, na akatabasamu kama mtu aliyeitwa jina lake la utotoni. Mafua yalipona baada ya wiki. Mimi nikaendelea kwenda kununua vidonge nisivyovihitaji.

Kwa hiyo Clovis aliponiambia amempata baba yake mdogo, mzee Eustache, waliyepotezana naye tangu Burundi, nililia kwa furaha. Nilijua jinsi alivyo peke yake. Wazazi walishafariki, kaka hana, dada hana, na tangu aje Kigali kazi ilikuwa inamtoa nyumbani asubuhi na kumrudisha jioni bila mtu wa kumwambia umeshindaje. Leo baba yake mdogo huyo hapo, na wazee wengine wawili pembeni yake, na mimi nilikuwa nimeamka alfajiri kuwapikia.

Mzee Eustache alijua kuongea, hilo nisimnyime. Kinyarwanda chake kilikuwa kitamu, cha kizamani. Alitueleza jinsi ukoo wao na ukoo wetu walivyokuwa majirani zamani, jinsi babu yao alivyompa babu yetu ng'ombe mwenye doa jeupe kwenye paji, ng'ombe aliyevuka mto uliofurika akiwa na mimba ili afike kwetu. Wazee wa upande wetu walianza kutikisa vichwa kwa raha. Shangazi naye akafuta chozi.

"Mzee Eustache," Baba alisema kwa Kiswahili.

Nikajua mambo yameharibika. Baba amekulia Ngara, upande wa Tanzania, na mpaka leo hukasirika kwa Kiswahili. Kinyarwanda anakiweka kwa mambo ya amani.

"Naam, mzee yangu," Eustache naye akahamia huko, kwa taabu kidogo.

"Mwezi uliopita ulikuwa Kicukiro, kwenye harusi ya binti wa rafiki yangu Nkusi."

"Inawezekana. Mimi iko na jamaa mingi."

"Ulikuwa baba mkubwa wa bwana harusi. Kijana wa kule Musanze."

"Ile ilikuwa..."

"Na ulimleta ng'ombe huyuhuyu. Mwenye doa kwenye paji, mwenye mimba, akavuka mto uleule. Siku ile nilipiga makofi. Leo nimemsikia tena yuko mtoni." Baba aliegemea fimbo yake. "Hajazaa tu?"

Mzee mmoja wa upande wetu alicheka, akajifanya anakohoa. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimeanza kuelewa. Mjini kuna watu wa kukodiwa kwa kazi hiyo. Hulipwa, huvaa vizuri, husema vizuri, kisha huenda kwenye harusi nyingine wakiwa wajomba wa mtu mwingine. Wengi huwachukua kwa sababu ya ulimi wao na si siri. Lakini huwekwa mbele ya ukoo. Hawawi ukoo wenyewe.

"Sikulaumu," Baba aliendelea. "Ni kazi yako na unaiweza. Nijibu swali moja tu, kisha nitakunywa fanta yako. Huyu kijana mara ya mwisho alipougua, nani alimpelekea uji?"

Eustache alimgeukia Clovis. Wale wengine wawili wakaangalia zulia.

Clovis akasimama. Kijana hasimami siku hiyo, na Shangazi alivuta pumzi kwa nguvu mpaka nikadhani wamemsikia.

"Hakuna, mzee," Clovis alisema. "Ilikuwa malaria, mwezi wa saba. Nilijifungia ndani mpaka ikaisha. Hawa wazee niliwalipa. Kosa ni langu, naomba wasitoke hapa na aibu."

"Kwa nini umefanya hivyo?"

"Sina mtu, mzee. Niliogopa kusimama langoni kwako peke yangu."

Nilitegemea Baba afoke, na ingekuwa nafuu. Badala yake alizungumza polepole, akiitazama glasi yake.

"Nilikuwa na mdogo wangu, Mugenzi. Alikuwa na kazi nzuri, na nyumba nzuri ghorofani. Kila siku alisema yuko bize, na mimi kila siku nilisema nitampitia. Alianguka ndani, mlango umefungwa. Mlinzi alidhani amesafiri. Majirani walidhani hawakuwahi kuwa na jirani. Mimi niliyemzika sikujua hata alifariki siku gani." Akanyanyua macho. "Sitaki utajiri wako, na ng'ombe huyo mwacheni apumzike. Niletee mtu mmoja. Mmoja tu, asiyelipwa, anayekujua, aje akae hapo aniambie wewe ni nani. Usipompata, binti yangu simtoi akaishi nyuma ya lango ambalo hakuna anayeligonga."

"Nipe muda, mzee."

"Una muda mpaka Jumapili ya kwanza ya mwezi ujao."

Glasi ya Baba ilibaki imejaa.

*

Nilimkuta Clovis kwenye barabara inayoshuka kuelekea ziwani. Nilikuwa bado nimevaa mshanana wa rangi ya chungwa, lile vazi letu la sherehe, viatu mkononi, na watu waliokuwa wakitembea na mbwa wao walinitazama bila kunitazama, kama ilivyo desturi ya mtaa wetu.

"Simama hapo," nilimwambia.

Akasimama.

"Uliniambia ni baba yako mdogo."

"Najua."

"Nilimpikia. Nilikuwa tayari kumpigia magoti nimwite baba. Nililia, Clovis. Usiku ule uliponiambia umempata, nililia."

"Bon, ndio maana nilishindwa kukuambia. Ulifurahi mno."

"Usinibebeshe mimi."

"Sikubebeshi." Alitoa koti akalining'iniza begani. Bila lile koti alionekana kijana zaidi, na nilichukia jinsi moyo wangu ulivyolegea. "Kirezi, sikiliza. Tuna umri wa kutosha sote. Tunaweza kwenda tukaandikishwa ndoa, wewe na mimi, tukaanza maisha. Baba yako atazoea."

"Kwa siri?"

"Kwa kimya."

"Ni kitu kilekile."

"Mimi nahitaji nini tena? Nikiwa na wewe sihitaji mtu mwingine. Wewe ndiye watu wangu wote."

Kuna wasichana wangeyeyuka pale barabarani. Mimi pia, mwaka mmoja kabla, ningeyeyuka. Lakini nilikuwa nimetoka kumsikia Baba akimtaja Mugenzi, jina ambalo halijatajwa nyumbani kwetu tangu mazishi, na maneno yale ya Clovis yaliniogopesha.

"Nakupenda," nilimwambia. "Nakupenda mpaka naona aibu. Lakini siwezi kuwa mji mzima wa mtu. Siku nikiugua mimi je? Siku nikikukasirikia, utamwambia nani? Mtoto wetu akizaliwa, nani atakuja kumwona?"

"Unadhani sijajaribu? Nikifungua mdomo kule kwangu Gahanga wanasikia Kirundi. Wananiuliza nimetoka wapi. Nikisema mimi Mnyarwanda, wanatabasamu. Nimechoka kujieleza kwa watu."

"Na mimi ofisini wananiita Mtanzania. Basi?"

"Basi unajua."

"Najua. Jirani yako wa kulia anaitwa nani?"

Alihamisha koti bega la pili.

"Miaka yote hiyo umejenga pale, Clovis. Anaitwa nani?"

"Na wa kwako? Kwenye ile fleti yako ya Kicukiro, mlango unaotazamana na wako. Anaitwa nani?"

Nilimjua kwa sauti ya funguo zake na kwa harufu ya maharage siku za Ijumaa. Jina sikuwa nalo. Tulisimama hivyo, mimi na mshanana wangu, yeye na suti ya kuazima, na nusura nicheke kwa uchungu.

"Sawa," nilisema. "Tuko wawili wajinga. Lakini kujificha sijifichi. Nitaolewa mchana, Baba akiwa amekunywa fanta yake. Katafute huyo mtu."

"Na nikimkosa?"

"Hutamkosa."

"Kirezi. Nikimkosa?"

Nilimtazama machoni. Ana macho mapole, yenye kope ndefu zisizo na faida kwa mwanamume. "Basi nitarudi kwako na tutalia pamoja," nilimwambia. "Lakini sitakwenda kuandikishwa kwa kimya."

Alitikisa kichwa taratibu, akaninyooshea mkono, nikaukataa kwa sababu nilijua nikiushika nitasahau yote niliyosema. Alishuka peke yake. Mimi nikapanda kurudi kuosha sahani za watu wa kukodi.

*

Kutafuta mtu mjini, waulizeni waliojaribu. Kule Gahanga, mashamba ya mihogo yanakatwa vipande kila mwezi, na kila kipande kinaota ukuta kabla hakijaota nyumba. Clovis aliamua kugonga malango jioni akitoka kazini, kisha ananipigia simu.

"Leo wamedhani nauza ving'amuzi," aliniambia siku ya kwanza.

"Ukasema nini?"

"Nikasema hapana, mimi jirani. Wakaniambia jirani wameshapata."

Siku nyingine alidhaniwa ni mhubiri. Siku nyingine sauti ilimjibu kutoka kwenye kile kisanduku cha langoni, ikamwuliza amekuja kwa habari ya umeme au maji. Alinisimulia akicheka, lakini nilikuwa namjua, na kicheko kile kilikuwa kinapungua kila siku.

Mimi nami sikukaa bure. Nilinunua maparachichi, nikagonga mlango unaotazamana na wangu. Mwanamke wa rika langu alifungua nusu. Nikamwambia sina shida, nataka tu kujua anaitwa nani. Alinitazama kwa muda, kisha akafungua nusu iliyobaki. Anaitwa Jolly. Maharage yake ya Ijumaa yana nazi, nami sasa naweza kuwathibitishia kwamba ni mazuri.

Ikafika Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya umuganda, wakati kila mtaa hutoka na majembe kufanya kazi ya pamoja. Niliamua kwenda kuufanyia Gahanga. Nilikuta watu wa mtaa wa Clovis wanazibua mtaro, na kweli wote walikuwepo, lakini kila mmoja alikuwa kwenye kipande chake, kofia imeshushwa, wengine wana vitu masikioni. Clovis alinikuta na jembe langu akashindwa kujizuia, akatabasamu.

"Umekuja kunisaidia kusema?"

"Nimekuja kuzibua mtaro. Kusema utasema mwenyewe."

Baada ya kazi watu hukaa kwenye uwanja mdogo kusikiliza matangazo ya mtaa. Mwenye kusimamia alimaliza habari za takataka na taa za barabarani, akauliza kama kuna mwenye jambo. Hapo ndipo watu husimama kujipangusa matope waondoke. Clovis akainua mkono. Niliona tope kavu kwenye vidole vyake.

Alisema kwa Kinyarwanda, na Kirundi chake kilisikika katika kila neno, wala hakukificha.

"Ninaitwa Clovis. Ninakaa kwenye lango la kijivu, karibu na mkaratusi. Nimeishi hapa muda mrefu na simjui mtu, na nadhani ni kosa langu zaidi kuliko lenu. Nataka kuoa. Baba wa msichana ameomba mtu mmoja anayenijua aje kunisemea. Nimegonga malango yenu wiki nzima nikashindwa kulisema, kwa sababu ni jambo la aibu. Sasa nimelisema. Kama kuna mtu yuko tayari kunijua kabla ya Jumapili ya wiki ijayo, mimi nipo."

Mtu mmoja nyuma alicheka puani. Mwingine alitazama simu yake. Nilitamani kusimama nipige kelele kwamba msichana mwenyewe ni mimi, na kwamba mtu huyu hupasha maji ya kunywa ya mbwa wa mitaani wakati wa baridi, na kama hawamtaki basi hawajui kuchagua. Nikauma meno nikakaa, kwa sababu mimi nisingeweza kuwa yule mtu mmoja.

Mwanamke mzee kidogo, mnene, mwenye buti za mpira na kitenge kilichofungwa kifuani, aliinuka akiegemea koleo.

"Mimi nitakwenda," alisema. "Naitwa Donatille. Ukuta wako na wangu ni mmoja." Alimtazama Clovis kwa ukali. "Lakini sitasema uongo mbele ya mzee wa watu. Nitasema ninachokijua tu."

Clovis alishukuru mpaka akakosa maneno. Mimi furaha yangu ilikuwa na mwiba. Anajua nini huyu mama? Wiki moja inatosha kumjua mtu? Nilikwenda nyumbani nikijiuliza hivyo, na wiki nzima nikaendelea kujiuliza.

*

Jumapili ile hakukuwa na wazee watatu wala suti ya kuazima. Clovis alikuja na shati jeupe, na Mama Donatille alikuja na mshanana wa zambarau na kikapu mkononi. Shangazi Kankindi alipomwona kupitia pazia akashika kichwa.

"Mwanamke? Kushika lango?"

"Baba alisema mtu mmoja, Shangazi. Hakusema mwanamume."

"Reka, hebu acha, mtoto huyu ataniua."

Baba alimkaribisha, fanta zikafunguliwa, na safari hii Baba hakusubiri hotuba. Alimwuliza kwa Kinyarwanda angependa kuongea lugha gani, naye Mama Donatille akajibu kwamba amesikia mzee anapenda Kiswahili, na yeye amewauzia Wakongomani vitenge miaka mingi, kwa hiyo anakijua cha sokoni. Niliona mdomo wa Baba unacheza. Alikuwa anajizuia asitabasamu.

"Wewe ni nani kwa kijana huyu?"

"Mimi jirani yake. Ukuta ni moja."

"Umemjua lini?"

"Kumujua kwa uso, siku nane. Kumujua kwa masikio, zamani." Aliweka kikapu chini. "Mzee, mimi mume yangu alikufa, watoto iko Ulaya. Nyumba ni kubwa, mimi peke yangu. Jioni iko kimya sana. Sasa huyu kijana akiosha sahani anaimba. Anaimba vibaya, lakini anaimba. Mimi nilikuwa nasogeza kiti karibu na ukuta."

Clovis aligeuka kumtazama. Ilikuwa wazi hakuwahi kuambiwa hilo.

"Akikasirika anafanyaje?" Baba aliuliza.

"Anafagia uwanja. Kama amekasirika sana anafagia mara mbili."

Nilifunika mdomo kwa kiganja. Ni kweli anafanya hivyo.

Baba aliegemea fimbo yake, na nikajua ni swali gani linakuja. Shangazi naye alijua, maana alinishika mkono.

"Mara ya mwisho alipougua," Baba alisema, "nani alimpelekea uji?"

"Mimi," Mama Donatille alijibu.

Clovis akashtuka. "Mama Donatille, hapana. Tulisema hakuna uongo."

"Nyamaza, siku hii wewe hauongei." Alimgeukia Baba. "Mwezi wa saba nilisikia anakohoa, nikasikia haimbi. Siku ya kwanza, siku ya pili. Nikapika uji, nikaweka kwa chupa ya chai, nikaenda mpaka lango ya kijivu. Nikasimama. Nikasema, huyu kijana anapita na vitu masikio, hasalimii, hataki watu. Atasema huyu mama mzee anatafuta nini kwangu? Nikaogopa kugonga. Nikarudi nao, nikaunywa mimi mwenyewe, na nikalia." Alifuta shavu kwa upindo wa mshanana, bila haraka. "Kwa hiyo uji ulifika, mzee. Ni lango haikufunguka. Yeye hakufungua na mimi sikugonga. Hiyo kosa tumeigawana."

Clovis alikuwa ameinamisha uso, mabega yanamtikisika, na mimi nyuma ya pazia nilikuwa nalia waziwazi, na Shangazi, aliyekuja tayari kukataa, alikuwa ananifuta kwa kitambaa ambacho alikuwa ameshakilowesha yeye.

"Na sasa?" Baba aliuliza.

Mama Donatille aliingiza mkono kwenye kikapu, akatoa ufunguo uliofungwa uzi mwekundu, akauweka mezani katikati ya chupa.

"Hii ya lango yake. Alinipa Jumamosi ile ile ya umuganda. Sasa uji hautarudi tena."

Baba aliutazama ufunguo. "Na wa kwako, mama, anao nani?"

Alimwelekezea Clovis kidevu. "Iko naye. Muulize, iko kwa mfuko."

Clovis alitoa ufunguo mfukoni, akaushika kwenye kiganja kilichofunguka ili Baba auone. Baba aliutazama huo pia, kwa muda mrefu zaidi. Nikamwona alivyo, ndani ya sebule ile yenye viti vingi ambavyo, tangu mama yangu afariki, hakuna anayevikalia ila siku za wageni. Mimi huenda kumwona Jumapili. Siku nyingine sita anamhutubia mlinzi.

"Kankindi," aliita.

Shangazi alitoka nyuma ya pazia akijipangusa.

"Ule ufunguo wa pili wa lango, aliokuwa nao mama Kirezi. Uko wapi?"

"Uko kwenye droo yako, pale ulipouweka mwenyewe."

"Mpe kijana."

Shangazi alikwenda, akarudi nao. Ulikuwa bado na kile kishaufu cha shanga cha Mama. Clovis aliupokea kwa mikono miwili, akiwa amepiga goti bila mtu kumwambia.

"Gahanga ni mbali na hapa, mzee," alisema. "Lakini nitakuja."

"Siku ukisikia sisemi maneno mengi, usigonge," Baba alimwambia. "Ingia tu."

Kisha akaiangalia glasi yake, akaishika, akanywa fanta yote mpaka chini, akaniita nije kusalimia wageni.